Mama Video wa Muthara

Pale Muthara walimwita Mama Video, na mimi nilimwita hivyo pia, ingawa tuliishi chini ya paa moja kwa miaka kumi na miwili. Alikuwa mke wa pili wa baba yangu. Wa kwanza, mama yangu, alifariki nikiwa na umri wa miaka tisa. Kiswahili kinalo jina rasmi la uhusiano wetu, mama wa kambo, lakini nyumbani kwetu hakuna aliyelitumia. Lilitamkwa tu kibandani kwake, alikoonyesha filamu, na aliyelitamka kwa sauti kubwa kuliko wote alikuwa yeye mwenyewe.

Kibanda chake kilikuwa nyuma ya soko, cha mabati, nyufa zake zimezibwa kwa magunia ili mwanga usiingie. Ndani mlikuwa na televisheni moja, deki ya kanda, na mabenchi manane yaliyotengenezwa na baba, ambaye alikuwa seremala. Watu wa sokoni walipenda kusema kwamba mama yule alikuja kuchukua mabenchi akaondoka na fundi. Aliposikia hivyo hakukasirika. "Fundi alikuwa amechelewesha mabenchi mawili," alijibu. "Nikaona heri nikae karibu naye nimsimamie."

Hakuwa mtu wa kwetu. Alitoka upande wa Embu, na Kimeru chake kilikuwa na lafudhi ambayo wanafunzi wenzangu waliiiga wakinipita njiani. Hakuwa na mtoto. Sikuwahi kujua kama alizaa wakafa au hakuzaa kabisa. Katika nyumba yetu hatukuulizana mambo ya aina hiyo. Wanawake wa kwetu huitwa kwa jina la mtoto wao wa kwanza, na yeye, kwa kuwa hakuwa na wa kwake, angeweza kuitwa kwa jina langu. Lakini jina hilo lilikuwa la mama yangu, na majirani waliliheshimu kaburi lake. Kwa hiyo walimpa jina la kazi.

Kazi yenyewe ilikuwa kusimulia. Filamu zake zilikuwa za Kihindi na za Kiingereza, na watazamaji wake, wakulima wa miraa na akina mama waliokwisha kuuza ndizi zao, hawakujua lugha hizo. Yeye pia hakuzijua. Asubuhi ya siku ya soko alijifungia kibandani akaitazama kanda mara moja peke yake, sauti imezimwa, kwa sababu, alisema, maneno ya wale watu yalimchanganya. Alasiri alisimama kando ya televisheni, leso imefungwa kiunoni, akawapa wote maneno: mzee akawa na sauti ya kukwaruza, polisi akazungumza kwa pua, mchumba akabembeleza kwa Kiswahili cha redioni. Mwalimu mmoja wa shule ya upili aliwahi kusimama katikati ya filamu akapinga.

"Lakini huyo hakusema hivyo! Amesema anaenda kumwona daktari."

"Mwalimu," Mama Video akamwambia bila kugeuka, "wewe umekuja kutazama ama umekuja kusahihisha?"

Kibanda kizima kikacheka, na mwalimu akaketi. Yule mtu wa kwenye filamu, ambaye kwa maneno ya Mama Video alikuwa akienda kumtoroka mkewe, akaingia mlango wa hospitali. "Ameenda kujificha huku," akaeleza, na hakuna aliyetilia shaka.

Filamu iliyojaza mabenchi kuliko zote ilikuwa na mama wa kambo. Ilirudiwa mara nyingi hata nikaijua picha kwa picha. Mwanamke mwenye bangili nyingi anaolewa na mjane mwenye binti. Anamnyima binti chakula, anamlaza jikoni, na mwishowe anamtilia sumu kwenye maziwa. Mama Video alimpa mwanamke huyo sauti nyembamba, yenye utamu wa kutisha, na akamwongezea maovu ambayo picha haikuyaonyesha. Maziwa yalipomiminwa alisema polepole, "Kunywa, mtoto wangu. Kunywa umfuate mamako." Akina mama walipiga kelele. Wanaume walisimama: "Shika huyo! Msichana, mwaga hiyo kitu!" Nilikuwa na miaka kumi na mmoja, nimeketi benchi la mbele. Msichana wa darasa letu aliyekuwa kando yangu aliniinamia sikioni akauliza, "Na wewe, huyu wako anakupikia nini?"

Jioni ile, Mama Video alipotoka kuleta maji ya kunawa, nilibadilisha sahani yangu na ya baba. Aliporudi aliitazama meza. Sahani ya baba ilikuwa na nyama mbili na yangu moja. Sasa zilikuwa kinyume. Baba, ambaye hakuwa na habari, alikula nyama yake moja akamaliza.

Kuanzia siku iliyofuata, kabla ya kunikabidhi sahani, alichota kijiko kimoja kutoka humo, akala, akameza, ndipo akanisogezea. Githeri, wali, uji, hata chai. Alifanya hivyo bila kunitazama, kama mtu anayepima chumvi. Baba aliwahi kumuuliza kwa nini anamwonjea mtoto mkubwa namna hiyo, naye akasema mkono wake siku hizi unazidisha chumvi. Jambo hilo liliendelea kwa karibu miaka miwili. Lilikwisha siku moja nilipomwambia, "Acha, chakula kinapoa." Akasema, "Haya," akaniachia sahani. Nimejaribu mara nyingi kukumbuka nilivyohisi siku hiyo. Nakumbuka kilikuwa chakula cha ndengu.

Lakini Jumamosi za soko zilizofuata, katika miaka hiyo hiyo miwili, hakuacha kuisimulia filamu ile, wala hakuipunguzia ukali. Mkono ulioonja sahani yangu asubuhi ndio ulioshika kiuno alasiri huku mdomo ukisema kunywa umfuate mamako. Nilipokuwa mtu mzima nilimuuliza sababu. Alikuwa akimenya viazi, na hakuacha kumenya.

"Watu walikuwa wanataka mtu wa kuchukia," alisema. "Kama si yule wa kwa televisheni, wangechukia nani? Si mimi nilikuwa nimesimama hapo hapo."

Alikuwa na vinyume vingine. Picha ya mama yangu ilining'inia sebuleni kwetu, na yeye ndiye aliyeipangusa kila Ijumaa kwa kitambaa kilicholoweshwa kidogo. Yeye alimwita marehemu "mwenye nyumba". Alipotaka kuhamisha kabati alimwambia baba, "Sijui kama mwenye nyumba angependa likae huko," na kabati likabaki pale pale. Hata hivyo, mmea wa matunda ya karakara ambao mama yangu aliupanda mlangoni, akauelekeza kwa kamba hadi ukafika paani, aliukata siku moja nikiwa shuleni. Alisema ulikuwa unaleta nyoka. Sikuwahi kuona nyoka. Nililia siku mbili, na hakuniomba msamaha wakati ule wala baadaye. Nikijaribu kuyaweka mambo hayo mawili kwenye mizani, picha upande huu na mmea upande ule, mizani haiendi popote.

Alinunua viatu vyangu vya shule vikubwa mno, kila mwaka, akajaza magazeti mbele. Hakuja kunitembelea katika shule ya bweni hata mara moja. Baba ndiye aliyekuja, akiwa amebeba chapati alizopika Mama Video, zimefungwa mbili mbili. Hakunipiga kamwe. Hakunikumbatia pia. Nilipofaulu kuingia chuo kikuu alisema, "Sasa utasoma zile sinema uniambie wanasema nini," na tangu siku ile akaanza kuniita Mwalimu, miaka minne kabla sijawa mwalimu. Kabla ya hapo aliniita "wewe msichana". Kwa hiyo hakuna kati yetu aliyewahi kumwita mwenzake kwa jina.

Nilizisoma kweli zile sinema. Leo nafundisha katika chuo kimoja mjini Embu, na katika somo la sanaa na jamii nina mhadhara kuhusu familia za kuunganishwa katika filamu. Ni mhadhara ninaoufahamu hata nikiwa nimechoka. Nawaeleza wanafunzi kwamba filamu za zamani zilimhitaji mama wa kambo awe mwovu ili marehemu abaki malaika. Kisha nawaonyesha filamu za siku hizi. Katika hizi mama wa kambo ni kijana, ana kazi nzuri, amesoma vitabu vya malezi, na anajitahidi kupita kiasi. Mtoto anabamiza mlango. Keki ya siku ya kuzaliwa inaanguka. Halafu linakuja tukio kubwa: mtoto anapotea, au anaugua, na mama wa kambo ndiye anayempata au anayekesha. Mwishoni mtoto anamwita mama kwa mara ya kwanza, na wote wanapigwa picha wakiwa wamevaa sweta zinazofanana.

Mwaka mmoja mwanafunzi aliinua mkono. "Madam, wewe mwenyewe ulikuwa na mama wa kambo?"

"Hapana," nilisema, nikaenda kwenye slaidi iliyofuata.

Sikusema hivyo kwa kuona aibu. Ningependa kusema niliona aibu. Nilijibu jinsi mtu anavyojibu anapoulizwa kama anahitaji risiti.

Niliwahi kumwonyesha mojawapo ya filamu hizo mpya. Alikuwa amekuja kwangu Embu kwa siku tatu, baba akiwa bado hai, na binti zangu wawili walikuwa shuleni. Nilimfungulia kompyuta mezani. Aliketi wima, mikono mapajani, kama mteja kwenye kibanda cha mtu mwingine. Nilijitolea kumfasiria, akakataa kwa kidole. Katikati ya filamu alisema, "Hawa watu wanaambiana pole sana." Baadaye kidogo: "Huyu mama hana kazi ya kufanya? Kila saa anaongea na mtoto." Mwishoni, mtoto aliposema neno lile na kumkumbatia mama wa kambo kwenye uwanja wa ndege, Mama Video aliniangalia.

"Na kesho yake?"

"Filamu imeisha," nikamwambia.

"Naona imeisha. Nauliza kesho yake. Wakirudi nyumbani. Nani anaosha vyombo, na yule mtoto akiitwa kula anakuja ama hakuji?"

Nikafunga kompyuta. Nimeongeza swali lake kwenye mhadhara wangu tangu wakati huo, bila kusema limetoka kwa nani. Wanafunzi hulipenda. Na ni kweli kwamba sijaona filamu iliyoonyesha miaka kumi na miwili ya watu wawili wakipitishiana sufuria. Hakuna aliyepotea wala kuokolewa, mvua ilinyesha na kuacha, na mtoto akakua akaondoka. Pengine hakuna kamera inayoweza kuvumilia.

Lipo jambo moja tu ambalo nilijua analitaka, na nililijua siku alipolisema, alipokuja kumwona binti yangu wa pili akiwa na wiki moja. Kwetu, na kwao Embu pia, jina la mtu hurudi kupitia wajukuu. Binti wa kwanza huchukua jina la mama wa mume, na wa pili jina la mama wa mke. Mtu aliyepewa mtoto wa jina lake hasemwi kuwa ameondoka kabisa. Mama Video aliingia na chupa ya uji, akanawa mikono, akampokea mtoto akamwangalia masikio.

"Mmemwita nani?"

Nikamtajia jina la mama yangu.

"Hivyo ndivyo," alisema. "Mwenye nyumba amerudi." Akampakata kwa muda mrefu. Kisha, akiwa bado anamwangalia yeye, si mimi, akasema, "Mimi nikienda, nitakuwa nimeenda mzima mzima."

Alisema kama mtu anayetaja kwamba basi la mwisho limejaa. Nilikuwa na nafasi ya kujibu, na nikaitumia kumuuliza kama uji una sukari. Sikuzaa tena. Hilo nalo alilijua, na hakulitaja.

Baba alipofariki niliandika mimi programu ya mazishi. Kwenye orodha ya familia niliweka "mke" na jina la ubatizo la Mama Video, likifuatiwa na jina la baba, jinsi lilivyokuwa kwenye kitambulisho chake. Wasifu ulimzungumzia mama yangu kwa aya mbili. Yeye alipata sentensi moja, iliyosema kwamba marehemu alioa tena. Aliisoma programu akiwa ameketi chini ya hema, akaikunja, akaiweka kwenye Biblia. Miezi michache baadaye alirudi kwao, upande wa Manyatta, akaishi katika boma la kaka yake. Kibanda kilikuwa kimefungwa zamani, watu walipoanza kutazama filamu kwenye simu. Kutoka kwangu hadi Manyatta si safari. Katika miaka sita nilikwenda mara mbili.

Mwaka huu binti yangu wa pili alijifungua. Hajaolewa, na baba wa mtoto hayupo kwenye hadithi hii wala nyingine yoyote. Mtoto ni wa kike. Katika hali kama hiyo mtoto huhesabiwa wa nyumbani, na jina lake ni la nyanya yake mzaa mama, yaani mimi. Muuguzi alikuja na fomu ya kuzaliwa wakati wa saa za kutembelea wagonjwa.

"Mama, nikuandike wewe, si ndiyo?" binti yangu aliuliza, kalamu iko mkononi.

Nilisubiri nifurahi. Wanawake wa rika langu hulia kwa jambo hilo. Rafiki yangu mmoja alipiga magoti wodini. Niliitazama ile nafasi tupu kwenye fomu, na sikuhisi lolote zaidi ya joto la wodi. Nikawaza kwamba yuko mtu mmoja ambaye angehisi.

"Ngoja," nikamwambia. "Mwandike Mama Video."

Akaniangalia. "Anaitwa nani?"

Nikafungua mdomo. Nilijua jina lake la ubatizo, ambalo alipewa na kanisa. Nilijua jina la baba yangu, ambalo alipewa na ndoa. Jina la kurithiwa ni lile la nyumbani, alilopewa alipozaliwa, na hilo sikuwa nalo. Muthara hakuna aliyelitumia. Huko kwao mabinti wa kaka yake walimwita Tata, shangazi. Nilipiga simu yake ikalia hadi ikakatika, mara tatu. Muuguzi akasema fomu zinachukuliwa saa kumi. Nikatoka nje nikapanda pikipiki hadi Manyatta.

Alikuwa uani, ameketi juu ya kigoda, akichambua maharagwe kwenye gunia lililotandikwa. Amekonda. Aliponiona aliacha mkono juu ya maharagwe.

"Mwalimu. Nani amekufa?"

"Hakuna aliyekufa."

"Basi mbona unakuja Jumanne?"

Nilivuta ndoo, nikaigeuza, nikaketi. "Nimekuja kukuuliza jina lako."

Alinitazama kwa makini, kama anayetafuta dalili za homa. "Wewe umesoma mpaka kichwa kikapasuka? Si unanijua."

"Jina la nyumbani. Ulilopewa ukizaliwa."

"La nini? Ni ile mambo ya pesa ya wazee ya serikali? Hao walishaniandika." Akaokota jiwe dogo kwenye maharagwe, akalitupa. "Ama mnachapisha programu yangu mapema, isije ikawapata mmekosa karatasi?"

"Msichana amejifungua," nikasema. "Wa kike. Tunaandika fomu."

"Huyo ni wewe," alisema mara moja. "Anazaliwa kwenu, anaitwa wewe. Hata mimi najua."

"Tunamwandika wewe."

Kuku alikuja akadona ukingoni mwa gunia, na yeye, ambaye sijawahi kumwona akimwachia kuku hata punje moja, hakumfukuza.

"Na wewe je?" aliuliza hatimaye.

"Mimi nitapata mwingine."

"Ukikosa?"

"Nikikosa, nimekosa."

"Na mwenye nyumba? Atasema nini?"

"Yeye ndiye aliyemzaa," nikamwambia. "Ndiye ameshika kalamu ananingoja."

Alifuta mikono kwenye leso, kwanza viganja, kisha kila kidole. Ilikuwa saa tisa na nusu. Nilimpigia binti yangu, nikasikia kelele za wodi, na nikashika simu katikati yetu. Mama Video alikohoa. Akasema kwamba jina hilo lilikuwa la mama wa baba yake, kwamba aliyemwita hivyo mara ya mwisho alikuwa mama yake mzazi, na kwamba nisiliandike vibaya. Kisha akalitaja, kwa sauti ndogo kuliko nilivyotarajia kutoka kwake, ikabidi ainame.

Nililirudia kwa sauti, ili binti yangu asikosee.

Akaitika.